Mwigizaji aliyekuwa pia mwongozaji msaidizi katika sinema ya mwanzo ya Misri: kazi hiyo ilimfikisha wapi?

Binti wa Uyole aliuliza:

Habari za jioni, wanajukwaa. Nipo Uyole, Mbeya, na swali langu linahusu sinema ya zamani ya Misri, ingawa chanzo chake kipo hapa hapa nyumbani.

Kwa miaka minne nimekuwa katika kikundi kidogo cha filamu ambacho kinanitumia kwa kazi mbili. Ninaigiza, mara nyingi nikiwa dada wa mhusika mkuu au jirani mwenye maneno mengi, na wakati huo huo mimi ndiye mwongozaji msaidizi: ndiye ninayeshika daftari la mwendelezo, ndiye ninayewaamsha waigizaji kwa simu saa kumi na moja alfajiri, na ndiye ninayekumbuka kwamba jana mtu alitoka mlangoni na kitenge cha bluu na leo amekuja na cha kijani. Mwezi uliopita, tulipokuwa tukipanda kwenda Ziwa Ngosi kurekodi, kiongozi wetu aliniambia mbele ya wenzangu kwamba nichague moja, kwa kuwa usaidizi ni kazi ya mtu asiye na kipaji cha kuonekana, na mwenye kipaji hapaswi kubeba daftari. Sikumjibu. Njia ya Ngosi ina utelezi, na nilikuwa nimebeba betri.

Sasa, baba yangu mdogo alisoma Cairo zamani na alirudi na kanda nyingi. Mojawapo ni Shari' al-Hubb, yaani Mtaa wa Mapenzi, ya mwaka 1958, ambamo Abdel Halim Hafez anaimba na Abdel Salam al-Nabulsi anaigiza kiongozi wa bendi ya mtaani anayejiita Hasaballah wa Kumi na Sita, kana kwamba ukoo wake ni wa wafalme. Nilicheka hadi nikasahau kwamba Kiarabu sikijui. Ndipo baba mdogo aliponieleza kwamba mtu huyu, kabla ya kuwa mchekeshaji mashuhuri, aliifanya kwa miaka mingi kazi ile ile ninayoifanya mimi, huku akiigiza.

Ningependa kuelimishwa na wanaoifahamu historia hiyo. Ilikuwaje mwigizaji akawa mwongozaji msaidizi katika sinema ile changa, na msaidizi alifanya nini hasa? Je, ilikuwa ngazi ya kupandia, au ilikuwa njia ya kupata mkate tu? Na kama ilikuwa ngazi, kwa nini Nabulsi hatumkumbuki kama mwongozaji?

Mwalimu Mstaafu wa Kihesa alijibu:

Kamwene, mwanangu. Swali lako limenifurahisha kuliko unavyodhani, kwa sababu utoto wangu niliupitisha Unguja kabla sijaletwa kufundisha huku Iringa, na miaka ile ya 1950 sinema za Kimisri zilikuwa kitu kikubwa pale mjini. Watu waliokuwa wakipenda taarabu walikwenda kumsikiliza Umm Kulthum na Mohamed Abdel Wahab kwenye pazia jeupe kama vile walivyokwenda kwenye onyesho la muziki, na wanawake walikuwa na maonyesho yao wenyewe. Mama yangu hakujua kusoma, lakini sura ya Nabulsi aliijua, na alimwita "yule bwana mwenye majivuno".

Abdel Salam al-Nabulsi alizaliwa mwaka 1899 huko Tripoli ya Lebanon, katika ukoo wenye asili ya Nablus, kama jina linavyoeleza. Alipelekwa Cairo kusoma Al-Azhar. Yaliyomvuta huko hayakuwa yale aliyotumwa kuyafuata peke yake, maana mji ule wakati huo ulijaa majukwaa ya maigizo na magazeti, na kijana mwenye ufasaha wa Kiarabu aliweza kuandika huku na kusimama jukwaani kule. Kwenye filamu aliingia mwaka 1929, katika Ghadat al-Sahra, kazi ya Assia Dagher, mwanamke aliyetoka Lebanon yeye pia, aliyeigiza na kutengeneza filamu kwa fedha zake. Weka akilini tarehe hiyo. Filamu bado ilikuwa bubu, na filamu ndefu ya Kimisri ilikuwa jambo la juzi tu, kwani Laila ya Aziza Amir ilioneshwa kwa mara ya kwanza Cairo mwezi Novemba 1927.

Hiyo Laila yenyewe inajibu nusu ya swali lako. Aliyeanza kuiongoza ni Mturuki aliyeitwa Wedad Orfi. Yeye na Aziza Amir hawakuelewana, akaondoka, na kazi ikamaliziwa na Stephan Rosti, ambaye alikuwa pia mwigizaji ndani ya filamu hiyo hiyo. Hakuna aliyeona ajabu. Siku zile waliojua kamera inavyokwenda walihesabika, na mtu aliyekuwa karibu alipokezwa kazi iliyokuwa imedondoka. Mgawanyo unaoutaja kiongozi wenu, wa huyu ni wa kuonekana na yule ni wa kubeba daftari, haukuwepo, kwa sababu watu wa kugawanya hawakuwepo.

Shule nayo haikuwepo. Chuo cha uigizaji kilifunguliwa Cairo mwaka 1930 na kikafungwa baada ya mwaka mmoja, hakikurudi hadi 1944. Taasisi ya Juu ya Sinema ilianzishwa mwaka 1959, wakati Nabulsi alikuwa amefikisha miaka 60. Basi kwa miaka 30 na zaidi, mtu aliyetaka kuijua kazi alikuwa na njia mbili: kwenda Ulaya, au kusimama pembeni ya anayeijua na kumshikia vitu. Mohamed Karim alizipita zote mbili. Alianza kama mwigizaji katika filamu fupi za kampuni ya Waitaliano huko Alexandria, karibu na mwisho wa Vita Kuu ya Kwanza, kisha akaenda Italia na Ujerumani, ambako alipata nafasi ya kumtazama Fritz Lang akitengeneza Metropolis. Aliporudi aliongoza Zeinab mwaka 1930, kisha filamu zote saba za Abdel Wahab, na taasisi ile ya 1959 ilipofunguliwa yeye ndiye aliyekuwa mkuu wake wa kwanza. Mwanafunzi ambaye hakuwa na shule, akaishia kuifungulia wengine.

Kuhusu kazi ya msaidizi, nadhani mabadiliko makubwa yaliletwa na sauti. Katika filamu bubu mwongozaji aliweza kusimama nyuma ya kamera na kupaza sauti: geuka, inama, lia sasa, shika mlango. Mwaka 1932 Awlad al-Zawat ilipotoka, ikiongozwa na Karim na kuigizwa na Youssef Wahbi, sehemu zenye sauti zilibidi zirekodiwe Paris, kwa kuwa Misri haikuwa bado na studio yenye mitambo hiyo. Tangu hapo mwongozaji alipaswa kunyamaza kamera inapozunguka. Yote aliyokuwa akiyasema wakati wa kurekodi yalihamia kwenye mazoezi, na mazoezi yakamhitaji mtu wa kuyasimamia: wa kuhakikisha kwamba maneno yamekaririwa, kwamba mtu anajua atasimama wapi, kwamba sauti haipotei akigeuza uso. Ni nani aliyeifaa kazi hiyo kuliko mwigizaji?

Kuna na hili. Wahbi alikuwa nyota wa jukwaa, mwenye kikundi chake cha Ramses tangu 1923, na alipoingia kwenye filamu hakutaka kuongozwa tu, akawa anaongoza na kuigiza mhusika mkuu kwa pamoja. Fikiria mwanangu: mwongozaji yupo mbele ya kamera, amejipaka vipodozi, anamlilia mpenzi wake. Nyuma ya kamera amebaki nani? Amebaki mpigapicha, na mara nyingi alikuwa mgeni, pamoja na msaidizi. Hapo msaidizi ndiye jicho. Nabulsi alifanya kazi ya namna hiyo mwaka hadi mwaka, akiwasaidia waongozaji na wakati huo huo akipewa nafasi ndogo ndogo za kuigiza, hadi miaka ya 1940 ilipokaribia kwisha. Ukiniuliza mimi, asiye na kipaji asingewekwa hapo.

Mhariri wa Soko Matola alijibu:

Mwalimu, shikamoo. Nimesoma maelezo yako kwa heshima na sina la kupinga katika tarehe. Ila naona umemjibu dada yetu swali la kwanza vizuri sana na swali la pili umelipita kwa upole, labda ili usimvunje moyo. Mimi kazi yangu ni kuhariri picha hapa mjini Mbeya, sherehe nyingi na filamu chache, na nitalisema waziwazi: kwa Nabulsi usaidizi haukuwa ngazi. Mtu ameingia mwaka 1929, na karibu miaka 20 baadaye bado ni msaidizi. Ngazi gani hiyo ambayo haina ghorofa?

Ngazi ilikuwepo, lakini ilikuwa imeegemezwa ukuta mwingine. Talaat Harb, mwanzilishi wa Benki ya Misr, aliunda kampuni ya maigizo na sinema mwaka 1925, na mwaka 1935 ikafunguliwa Studio Misr huko Giza, yenye kumbi za kurekodia, maabara ya kusafishia filamu na idara ya uhariri. Kabla haijafunguliwa, vijana walishapelekwa kusoma: Ahmed Badrakhan na Maurice Kassab Ufaransa kwa uongozaji, Hassan Murad na Mohamed Abdel Azim Ujerumani kwa upigaji picha. Niazi Mostafa, ambaye alisoma Ujerumani, akaishika idara ya uhariri. Watazame waongozaji wakubwa waliotoka humo, kisha uniambie wangapi walipitia chumba cha kukatia filamu.

Salah Abu Seif ndiye mfano ninaoupenda. Alizaliwa mwaka 1915, na ujanani alikuwa karani katika kiwanda cha nguo cha Mahalla al-Kubra, akiipenda sinema kwa mbali. Niazi Mostafa alifika kiwandani kurekodi filamu kuhusu makampuni ya Benki ya Misr, wakazungumza, na baada ya muda kijana akahamishiwa studio. Hakupewa kuigiza, alipewa mkasi na gundi. Mwaka 1939 Kamal Selim alipoongoza al-Azima, ile filamu ambayo uchochoro mzima wa mtaa wa Cairo ulijengwa ndani ya studio, kinyozi na mchinjaji na duka la mikate, msaidizi wake alikuwa huyo Abu Seif. Mwaka 1946 akaongoza filamu ndefu ya kwanza yake mwenyewe, na hakusimama tena. Kamal el-Sheikh vile vile: uhariri kwanza kwa miaka mingi, kisha mwaka 1952 akatoa al-Manzil Raqam 13 akiwa mwongozaji.

Sababu yake si siri kwa mtu wa fani. Aliyeketi mezani na filamu iliyokwisha kurekodiwa huona makosa yote ambayo lokesheni hayaonekani. Anajua kwamba sini imekosa picha ya karibu, kwamba mtu alitokea kushoto na sasa anaingia kutoka kushoto tena kana kwamba amejizunguka. Akipewa kusaidia kuongoza, tayari anaiona filamu ikiwa imeunganishwa. Mwigizaji yeye anaiona ikiwa vipande, na katika vipande hivyo anakiona zaidi kile chenye sura yake. Samahani, dada, sisemi wewe.

Kwa hiyo ushauri wangu: kama lengo lako ni kuongoza, liache daftari, lakini usiliache kwa ajili ya kuigiza. Njoo kwenye meza ya uhariri.

Binti wa Uyole:

Nawashukuru nyote wawili. Mwalimu, shikamoo, maelezo kuhusu Wahbi aliyekuwa mbele ya kamera yamenishtua, maana kwetu jambo hilo hutokea kila wiki na sikuwahi kuliona kuwa lina historia.

Kaka Mhariri, sijakasirika. Lakini umeacha kitu kimoja wazi. Kama miaka ile karibu 20 haikumpandisha Nabulsi popote, ilipotea? Kwa sababu yule Hasaballah niliyemwona mimi hakuwa mtu aliyepoteza miaka. Alikuwa mtu anayejua kila sentimita ya pale aliposimama.

Mpenda Tamthilia wa Njombe alijibu:

Nimeusoma mjadala huu nikiwa nimejifunika blanketi, kwa kuwa Njombe ya mwezi wa saba haina mzaha, na nimeona nichangie katika hicho kilichoachwa wazi, kwa vile nimezitazama filamu nyingi za Nabulsi pamoja na Farid al-Atrash na Abdel Halim.

Kwanza nimrekebishe kidogo ndugu Mhariri. Si kweli kwamba upande wa jukwaa ulifungiwa mlango. Hassan al-Imam alianzia katika kikundi cha Ramses cha Wahbi, akawa msaidizi, na mwishoni mwa miaka ya 1940 alikuwa mwongozaji kamili. Ndiye baadaye aliyeipeleka kwenye pazia riwaya ya Naguib Mahfouz, Bayn al-Qasrayn, mwaka 1964. Ahmed Galal aliigiza, akaandika na kuongoza kwa pamoja tangu miaka ya 1930, akiwa na Assia Dagher na Mary Queeny. Anwar Wagdi alipita Ramses akiwa mwigizaji, na kuanzia mwaka 1945 akawa anaongoza filamu ambazo yeye mwenyewe ndiye nyota. Hakuna hata mmoja kati ya hao watatu aliyeanzia kwenye mkasi. Tofauti yao na Nabulsi, kwa maoni yangu, ni kwamba kila mmoja alikuwa na hadithi anayotaka kuisimulia au kampuni ya kuisimulia nayo. Sioni dalili kwamba Nabulsi alilitamani jambo hilo. Alitaka kuigiza, na usaidizi ndio uliomweka ndani ya studio hadi zamu yake ilipofika.

Ilifika lini? Baada ya Vita Kuu ya Pili. Fedha ziliingia kwa wingi, na Misri ikawa inatoa zaidi ya filamu 40 kwa mwaka, nyingi zikiwa za nyimbo na vichekesho. Filamu ya nyimbo ina tatizo lake la ndani, nalo ndilo lililompa Nabulsi ulaji: mwimbaji si lazima awe mwigizaji. Farid al-Atrash alikuwa na sauti ya huzuni na uso wa huzuni, na katikati ya nyimbo mbili lazima pawe na mtu wa kuisukuma hadithi, wa kumfanya shujaa acheke, wa kumwuliza swali ambalo jibu lake ni wimbo. Nabulsi akawa rafiki wa shujaa, yule masikini anayejifanya mtu wa tabaka la juu, anayesema Kiarabu cha vitabuni huku mfukoni hana kitu. Hapo ndipo Al-Azhar ilipomfaa kwa namna ambayo baba yake hakuitazamia, kwa kuwa ili ufasaha uchekeshe lazima kwanza uwe ufasaha wa kweli.

Sasa tazama anavyosimama, kama dada Binti alivyoona. Rafiki wa shujaa ana kazi ngumu: achekeshe bila kumfunika anayelipwa zaidi. Katika Shari' al-Hubb, Nabulsi anapokuwa na Abdel Halim, yeye ndiye anayetingisha mikono na kupandisha nyusi, lakini zamu ya yule kijana ikifika, Nabulsi ametulia, ametoka kwenye mwanga, na macho yake yanamtazama mwimbaji ili na sisi tumtazame. Kujitoa namna hiyo, kwa kadiri ninavyoona, hujifunzwa na mtu ambaye kwa miaka mingi amewapanga wengine, aliyewahi kusimama nyuma ya kamera akasema, "bwana, umemziba mwenzako." Mwigizaji ambaye hajawahi kuwa msaidizi huwa anaijua nafasi yake mwenyewe. Aliyewahi kuwa msaidizi anazijua nafasi zote.

Naongeza jambo moja kuhusu mwendelezo, kwa sababu kiongozi wa dada yetu amelidharau. Mwaka 1944 Wahbi alikuwa akitengeneza Gharam wa Intiqam, akiongoza na kuigiza, na nyota wa kike alikuwa Asmahan, dada yake Farid al-Atrash. Mwezi Julai, filamu haijakamilika, gari la Asmahan liliingia mferejini njiani kuelekea Ras el-Bar naye akafa maji. Ilibidi mwisho wa hadithi ubadilishwe, na filamu ikaunganishwa kwa picha zilizokuwepo. Siku kama hiyo, anayejua nini kimerekodiwa na nini hakijarekodiwa, nani alivaa nini na alikuwa ametoka wapi, ni yule mwenye daftari. Bila daftari hakuna filamu, kuna majonzi na mikebe ya picha.

Mhariri wa Soko Matola:

Nakubali kuhusu Hassan al-Imam, nilimsahau, na ni kosa la kweli kwa sababu anaivunja hoja yangu mahali palepale nilipoiona imara. Wagdi sikubali, huyo hakupandishwa na usaidizi bali na fedha na ujasiri wake mwenyewe. Hoja ya Gharam wa Intiqam naipokea kwa mikono miwili, ila niseme tu kwamba filamu iliyookolewa baada ya msiba iliokolewa mezani pia, na pale mezani daftari na mkasi vilikaa pamoja.

Nimebadili ushauri wangu kwa kiasi hiki: dada, usiliache daftari. Njoo nalo.

Jambo la mwisho, ni la vitendo zaidi. Kabla ya filamu ijayo, muulize kiongozi wenu jina lako litaandikwaje. Nabulsi wa miaka ya 1930 hatumjui vizuri kwa sababu wasaidizi waliandikwa kwa herufi ndogo au hawakuandikwa kabisa, na filamu nyingi za miaka ile zimeharibika, kwa hiyo hata yale maandishi madogo hayapo tena. Anayejulikana ni yule wa miaka ya 1950, mwenye sura. Jina lako liandikwe mara mbili, kwenye kazi zote mbili, na mkubaliane kwa karatasi, si kwa mdomo.

Mwalimu Mstaafu wa Kihesa:

Nimewasoma, wanangu, na nimefurahi kwamba mnabishana bila kutukanana, jambo ambalo hata darasani kwangu lilikuwa adimu.

Niongeze kilichobaki katika maisha ya mtu huyu, kwa kuwa hakuna aliyekigusa. Mwanzoni mwa miaka ya 1960, akiwa kwenye kilele cha umaarufu, aliiacha Misri baada ya mvutano mrefu kuhusu kodi, akarudi Lebanon alikozaliwa. Aliendelea kuigiza huko, na akafariki Beirut mwezi Julai 1968. Kwa hiyo ukihesabu, umaarufu wake mkubwa wa Cairo ulidumu miaka kumi na ushee tu, muda mfupi kuliko ule aliokuwa msaidizi. Mama yangu alipopata habari hizo alisema, "Yule bwana mwenye majivuno kumbe alikuwa hana nyumba," nami mpaka leo sijajua alizipata wapi.

Kaka Mhariri, umesema Wagdi alipandishwa na fedha. Fedha hizo alizipata kwa kuigiza, na kuigiza alikujulia Ramses, akianzia kwenye nafasi za watu wasiosema neno. Sitaki kuirefusha, ila ulifikirie.

Binti wa Uyole:

Asanteni sana, Mwalimu, kaka Mhariri, na wewe wa Njombe ambaye sijui nikuite dada au kaka. Leo asubuhi nimemwomba kiongozi wetu tukae, nikamweleza habari za Wahbi aliyekuwa mbele ya kamera, kwa sababu yeye mwenyewe ndiye shujaa wa filamu tunayoirekodi. Alinyamaza kidogo, halafu akauliza kama kweli jana alipokuwa akiigiza alikuwa anaziba mwanga. Nikamwambia ndiyo, mara tatu, na nikamfungulia ukurasa.

Kuhusu jina kuandikwa mara mbili, amesema atafikiria. Jumamosi tunarekodi Iyunga, karibu na stesheni ya TAZARA, na nimeambiwa nije na vyote, nguo za kuigizia na daftari. Kaka Mhariri, nikitoka huko nitapita Soko Matola kama bado una nafasi mezani.